Sheria Niliyoupa Welu

Kosa langu la kwanza lilikuwa kuupa welu sheria. Kabla ya hapo welu haukuwa umemdhuru mtu yeyote, wa kwenye hadithi wala wa mtaani kwetu Makanyagio.

Welu niliubuni mwenyewe. Hakuna kabila ninalolijua lenye neno hilo, na hakuna mzee aliyenisimulia. Katika ulimwengu wa hadithi yangu, kabla ya udongo na mbingu kulikuwa na welu tu. Ulikuwa mzito, wa uvuguvugu, mweusi wenye wekundu kwa ndani, na haukuwa na juu wala chini. Haukuwa mungu, maana haukutaka kitu. Kisha povu moja likapanda katikati yake, likapasuka, na uwazi ulioachwa na lile povu ukawa mbingu. Welu uliobaki uliganda pembeni ukawa ardhi. Kila kiumbe kilichofuata kilizaliwa na tone lake kifuani, na kikifa, tone lilirudi chini kusubiri. Watu wachache waliitwa watunzi. Kazi yao ilikuwa kupanda miti mirefu ambamo welu wa mwanzo ulikuwa bado unachuruzika, na kuukinga kwenye magome.

Mtu aliyekulia nyumba ya mrina asali ataona mara moja nilikoutoa. Baba mdogo, aliyenilea, ana mizinga ya magome porini, mbele ya Litapunga, na tangu nikiwa mdogo nimekaa karibu na ndoo za asali nikingoja masega yapande juu. Asali ya miombo ikiwa kwenye ndoo nyeusi haionekani kama chakula. Inaonekana kama kitu kilichokuwepo kabla yako na ambacho hakina haraka na wewe.

Uandishi hakunifundisha mtu. Nilimaliza kidato cha nne na matokeo nisiyopenda kuyataja, nikafungua kibanda cha kuchaji simu na kuingiza nyimbo, na wateja wakipungua naandika. Aya ya povu niliiandika upya mara nyingi hadi nikaanza kuichukia. Povu lilikuwa yai, likawa pumzi, likarudi kuwa povu. Nilikuwa napeleka sura kwenye grupu la hadithi nililolianzisha kwenye simu, na humo walikuwemo watu wa mtaani kwetu, wauza duka, bodaboda, wasichana wa saluni, na mwenzake baba mdogo wa kurina, ambaye kila sura alisomewa na mkewe. Msomaji akiniambia nimesahau mkato, nilikesha nikisahihisha. Sisemi ili nihurumiwe. Nasema kwa sababu ndivyo nilivyofika kwenye ile sheria.

Msichana mmoja wa saluni aliandika, "Welu mzuri ila hauna meno. Upo upo tu." Wengine wakaweka vicheko. Nilifunga kibanda mapema siku hiyo.

Nyumbani nilimkuta baba mdogo na mwenzake wamekaa uani wanashona magome ya mizinga mipya. Mama mdogo alikuwa pembeni anapepeta mchele aliokuwa ameuleta kutoka Mwamkulu, maana ndiyo biashara yake. Mwenzake baba mdogo alikuwa anasimulia mambo ya warinaji wa zamani.

"Zamani," alisema, "mke akichepuka huku mjini, wewe kule juu ya mti nyuki wanakuwa wameshapata habari."

"Nyuki wana kazi zao," baba mdogo alijibu bila kuinua kichwa. "Umbea ni wetu sisi."

"We kataa tu. Wazee walikuwa hawaendi kambini mpaka nyumba imetulia."

"Na mume akichepuka," mama mdogo aliuliza kutoka kwenye ungo wake, "anang'atwa nani?"

"Huyo anang'atwa na mkewe," baba mdogo alisema, na wote watatu wakacheka.

Mimi sikucheka. Nilikuwa nimeshaacha kusikiliza pale kwenye habari za nyuki. Nilikuwa nimepata meno ya welu. Nilianza kuandika palepale kwenye kiti cha plastiki. Sheria yangu ilisema hivi: mtunzi ambaye nyumbani kwake kuna usaliti, welu utamjua akiwa mtini, utachemka, na utamuunguza uso. Niliona uzuri wake kama fundi anavyouona mlango uliokaa sawasawa kwenye fremu. Kitu kilichokuwepo kabla ya mbingu sasa kilikuwa na jambo linalokihusu. Haikunipitia akilini kwamba yale maneno matatu yaliyofuata, ya umbea, ya ungo na ya kicheko, ndiyo yaliyoifanya habari ile iweze kusemwa uani bila kumuumiza mtu. Nilichukua sehemu yenye sumu nikaacha dawa yake.

Kisha nilihitaji mwanamke. Sikuwa najua kumwandika mwanamke bila kumtazama mmoja, na niliyekuwa namtazama kila siku alikuwa mama mdogo. Nilimpa mke wa mtunzi mwanya wake, nikampa mnong'ono wa nyimbo anaoutoa akipepeta, nikampa namna yake ya kufunga kanga begani badala ya kifuani, na nikampa safari za kwenda mashineni kukoboa. Yote hayo niliyaandika kwa upendo, hilo nalisema kwa sababu ni kweli, ingawa halinisaidii. Kisha nikamfanya asaliti, na mwenye mashine.

Sura ile ilipendwa kuliko zote. "Mwandishi shusha nyingine." "Noma sana." Yule wa saluni aliandika, "Sasa welu una meno."

Nikataka picha ya kuweka mbele ya hadithi. Niliona kichwani mtunzi amesimama, uso umefunikwa na wavu, na nyumbani lilikuwepo koti la kurinia la baba mdogo, la turubai, lenye kofia na wavu wake, limetundikwa siku zote nyuma ya jiko. Lilikuwa na madoa ya nta na masizi. Kwenye picha ya majaribio madoa yale yalionekana kama uchafu tu. Baba mdogo na mama mdogo walikuwa wameenda shambani Mwamkulu kutwa nzima. Nililifua koti. Nililisugua kwa sabuni ya unga yenye manukato, na kwenye maji ya mwisho ya kusuuza nilitia ile dawa ya kulainisha nguo ambayo mama mdogo huiweka kwa ajili ya nguo za kanisani. Jua lilikuwa kali, lilikauka. Rafiki yangu mmoja alinipiga picha ukutani, ikatoka vizuri. Nililirudisha koti msumarini pake kabla hawajarudi. Madoa mengine hayakutoka, kwa hiyo ukilitazama juujuu lilikuwa lilelile.

Nilijua kwamba koti lile halifuliwi. Watoto wote wa warinaji wanajua. Linafukizwa moshi tu, na mrina siku ya kwenda kurina hajipaki mafuta yenye harufu, maana manukato huwachokoza nyuki. Nilijua kama mtu anavyojua kwamba jiko ni la moto huku akishika sufuria. Nilikuwa nafikiria picha.

Asubuhi baba mdogo alilikunja koti akalitia kwenye kiroba, akafunga kiroba kwenye pikipiki ya mwenzake, wakaenda kambini.

Walirudi mapema kuliko walivyopanga. Baba mdogo alikuwa amekaa katikati, mwenzake mbele na bodaboda mwingine nyuma anamshikilia asianguke. Jicho moja lilikuwa limezibwa kabisa na lingine ni mstari. Midomo ilikuwa imevimba hadi maneno yalitoka nusu. Nyuki walikuwa wamemvamia juu ya mti, wamepita kwenye wavu, na alishuka kwa kamba haraka hadi viganja vikachubuka. Walikuwa wametoka naye hospitali, ameshachomwa sindano. Daktari alikuwa amemwambia kwamba angeng'atwa zaidi kidogo, tungekuwa tunaongea mambo mengine.

Mimi nilibeba beseni la maji ya baridi. Mwenzake aliweka kiroba chini karibu na miguu yangu, na harufu ikanifikia kabla sijainama. Moshi, na chini ya moshi, maua.

Baba mdogo alikunywa maji kwanza. Kisha akamwambia mkewe, polepole, kwa sababu ya midomo, "Mama, koti ulilifua?"

"Koti lako? Tangu lini mimi nalishika koti lako?"

"Lilinuka kama kanisani."

"Sijalifua."

"Lilinuka nguo zako za kanisani. Nililisikia nikiwa nimeshapanda."

"Baba, mimi sijaligusa."

Nilikuwa nimesimama hapo na beseni mkononi. Lilikuwa ni jambo la maneno mawili: nimelifua mimi. Niliyaandaa. Nilianza hata kuyapanga vizuri, niseme kwanza nini ili nisionekane mjinga, na wakati nayapanga mwenzake baba mdogo alimtazama mama mdogo, akatazama chini, akasema anaenda kupumzika. Baada ya hapo ikawa ngumu zaidi, na kesho yake ngumu zaidi ya jana. Nadhani watu wengi wanaijua hesabu hiyo.

Tatizo si koti lenyewe. Mke akifua koti la kurinia kwa kusahau, mume atagomba na kesho wamecheka. Lakini yeye alikana, na harufu ilikuwa yake. Kwa baba mdogo, mkewe alikuwa anasema uongo juu ya jambo dogo, na mtu haoni kwa nini mwingine aseme uongo juu ya jambo dogo kama hakuna kubwa nyuma yake.

Na kubwa nilikuwa nimeshaliandika mimi.

Kwenye grupu habari ilifika kabla ya jioni. Mke wa yule mwenzake aliandika, "Kwani si ndivyo welu ulivyomfanya mtunzi?" Vikafuata vicheko, kisha mtu akaandika, "Mwenye mashine ya kukoboa ajitokeze tu." Nilikuwa naona yote yakipanda kwenye kioo. Watu ambao hawakuwa wamesoma waliomba watumiwe sura. Watu wapya waliingia. Mmoja aliniuliza moja kwa moja, "Mwandishi, welu unakosea?"

Nikaandika, "Welu hausemi uongo."

Nimeliandika hapa kwa sababu hilo ndilo linalonifanya nifunike uso hadi leo, kuliko koti. Koti lilikuwa uzembe. Hili nilikaa nalo, nikalifuta, nikaliandika tena kwa maneno machache zaidi ili lipendeze. Kitu nilichokibuni kilikuwa kimetoka kwenye simu kikatembea mtaani kwa miguu yake, na sehemu yangu fulani ilifurahi.

Uvimbe ulipungua, nyumba haikupoa. Baba mdogo alihamia sebuleni, akisema uso unamuuma akilala kitandani. Mama mdogo aliendelea kupeleka mchele sokoni, lakini wanawake waliokuwa wanamwita kwa mbali walianza kumsubiri afike ndipo wanyamaze. Mmoja alimuuliza mbele ya wateja, "Mama, wa leo umekobolewa na yuleyule?" Akaacha kwenda mashine ile. Akaanza kupeleka mpunga mashine ya mbali, na watu wakasema anajificha.

Siku moja alikuja kibandani kwangu. Hakuwa na kawaida hiyo. Alikaa kwenye benchi la wateja akanipa simu yake, na kwenye kioo kulikuwa na sura yangu.

"Nimetumiwa," alisema. "Nimesoma. Unaandika vizuri."

"Asante, mama."

"Huyu mwanamke ni mimi?"

"Hapana, mama. Ni wa kubuni tu."

"Ana mwanya."

"Watu wengi wana mwanya."

"Ana kanga begani." Alikuwa haongei kwa hasira. "Anaimba akipepeta. Mimi nilikuwa sijui kwamba naimba."

Mteja alikuja kuulizia simu yake, nikashukuru kuja kwake, nikamhudumia taratibu kuliko ilivyohitajika. Nilipogeuka, mama mdogo alikuwa bado amekaa.

"Na hiki kitu," alisema, "hiki welu. Kinajuaje mambo ya nyumbani kwa mtu na kiko juu ya mti?"

"Kilikuwepo kabla ya kila kitu. Kwa hiyo kimo ndani ya kila mtu."

"Basi kingekuwa kimo na ndani yangu," alisema. "Kingejua sijafanya kitu."

Aliondoka. Kwa muda wote ambao nimeandika hadithi, hakuna msomaji aliyewahi kuishika kasoro ya welu kwa usahihi ule, na mimi, niliyekuwa sivumilii mkato kukosekana, nilikuwa sijaiona. Nilihisi aibu ya fundi kwanza, ile ya kazi mbovu. Ile nyingine, kubwa, ilikuja nikiwa nafunga kibanda.

Hata hapo sikusema. Nilisema wiki iliyofuata, nilipomkuta mama mdogo anafunga nguo zake kwenye begi. Kaka yake alikuwa amepigiwa simu aje kutoka Mpimbwe, baba mdogo akae naye, wazungumze kama anarudi kwao au anabaki. Kaka alikuwa ameshafika stendi. Nilitoka nikaenda uani, ambako baba mdogo alikuwa anapanga viti.

"Baba, koti nililifua mimi."

Aliendelea kushika kiti. "Lini?"

"Siku mliyoenda Mwamkulu. Nilitaka kupiga picha. Nilitumia dawa ya mama ya nguo za kanisani."

"Picha."

"Ya hadithi."

Alikaa kwenye kile kiti. Makovu ya miiba yalikuwa bado yanaonekana kwenye paji la uso, madogo, kama ngozi ya mtu aliyepona tetekuwanga. Nilingoja anipige. Nilikuwa nimejiandaa kwa kupigwa, na naona sasa kwamba nilikuwa natamani, kwa sababu ingeisha.

"Siku ile nilipouliza," alisema, "ulikuwepo."

"Nilikuwepo."

"Ulikuwa umeshika beseni."

"Ndiyo."

"Na hii hadithi ya mashine ya kukoboa?"

"Hakuna kitu. Niliibuni. Nilichukua yale maneno ya nyuki mliyokuwa mnataniana."

Alitazama mlango wa chumba. "Mimi nilisema nyuki wana kazi zao," alisema. "Nilisema mwenyewe, kwa mdomo wangu. Kisha mtu akavimba uso kidogo tu, akaanza kuamini." Akajisugua paji la uso. "Nenda kamwambie yeye. Mimi nina langu la kumwambia, lakini la kwako litangulie."

Mama mdogo alinisikiliza akiwa ameshika zipu ya begi. Hakulia na hakunifokea. Aliniuliza swali moja tu.

"Ulijua kuanzia siku ya kwanza?"

"Nilijua."

"Haya."

Aliondoka na kaka yake hata hivyo. Baba mdogo alimsindikiza hadi stendi, akabeba begi mwenyewe, mbele ya watu wote. Mama mdogo alikaa kwao mpaka mpunga ulipovunwa.

Kwenye grupu niliandika kila kitu, koti, dawa ya nguo, beseni na yale maneno matatu ya welu hausemi uongo. Sikuyapanga vizuri. Wengine walisema pole. Wengine walikasirika, lakini si kwa sababu niliyoitegemea. "Umeharibu utamu," mmoja aliandika. Yule wa saluni aliniuliza kama sasa sheria imefutwa au bado, maana yeye alikuwa ameshamwambia mchumba wake. Mke wa yule mwenzake alitoka kwenye grupu bila neno. Sura nilifuta, lakini mpaka leo kuna watu wanayo kwenye simu zao, na siwezi kuwafuata mmoja mmoja.

Nimeandika mwanzo wa ulimwengu ule upya. Welu bado ni mweusi wenye wekundu, na povu bado linapanda. Mtunzi bado anaungua, sikuweza kuacha hilo. Lakini sasa anaungua kwa sababu mwanafunzi wake aliosha gome la kukingia kwa majani yenye harufu, ili lionekane zuri siku ya sikukuu, na welu, ambao kabla ya mbingu haukuwahi kunusa kitu kingine isipokuwa wenyewe, ulishtuka. Haumjui mke wa mtu. Haumjui hata mtunzi. Msomaji mmoja ameniambia sura hii imepoa, na nadhani ana haki.

Mama mdogo alirudi, na anakaa na mumewe. Mashine ya karibu alirudi kuitumia. Mimi nilihama, nimepanga chumba upande mwingine wa Makanyagio, na Jumapili naenda kuwasalimu. Ananikaribisha chakula. Akiwa anapepeta nikiingia, haimbi, na sijui kama ni kwa sababu yangu au kwa sababu sasa anajua kwamba huwa anaimba. Sijamuuliza. Baba mdogo koti lake analifungia kwenye sanduku lenye kufuli.

Kilichobadilika kwangu ni kidogo. Bado naandika aya moja mara nyingi kupita kiasi, na bado nakesha mtu akiona kosa. Ila simwandiki tena mtu ninayekula naye bila kumuonyesha kwanza, na nikiulizwa jambo ninalolijua, najibu palepale, hata kama bado sijapata maneno mazuri.